Ngata

Banda langu la video liko nyuma ya stendi ya Kondoa,
mabenchi tisa, pazia la blanketi, spika moja inayokoroma.
Mimi ndiye sauti. Wachina, Wahindi, Wanaijeria,
wote husema Kiswahili kwa kinywa changu,
na nisipoelewa nabuni; hajarudishiwa mtu pesa.

Siku ile nilinyamaza.

Mgeni alikuja na diski tatu ndani ya bahasha,
anatafuta kaburi la mama mmoja wa Kipolandi
aliyefia kambini, wakati wa vita.
"Binti yake alikuwa mwigizaji wa sinema. Amefariki mwezi wa pili.
Ameusia aletewe udongo kidogo."
Akataja jina: Zdzisława. Nikajaribu, ulimi ukajikwaa herufi ya pili.
Mama yangu, anachambua mlenda, hakuinua hata kichwa:
"Sema Zisi. Sisi wote tulishindwa tangu mwaka arobaini na tatu."

Basi tukafunga mlango, tukaweka diski.

Ya kwanza ana miaka ishirini, nyeusi na nyeupe,
anakimbilia garimoshi na kulikosa.
Ya pili ni mke wa daktari, analia vizuri,
kilio cha kulipwa, cha taa nne.
Mgeni akatusimulia yaliyobaki: filamu thelathini na moja,
tuzo ya shaba aliyoifanya kizuizi cha mlango,
miaka sita asiyoitwa na mtu
kwa sahihi moja kwenye barua ambayo wakubwa hawakuipenda,
akawa anashona mapazia ya majukwaa ya wenzake.
Waume wawili. Mtoto hakuna.
Akarudi mnene, akapewa mabibi:
bibi mchawi, bibi mjane, mpishi wa askofu,
na kila mwongozaji aliuliza
yule mama ule mwendo kautoa wapi.

Ya tatu, theluji.
Theluji naijua, huwa naitafsiri "baridi kali, jamani".
Bibi mmoja anatoka kisimani,
anavua kitambaa cha kichwani, anakisokota,
anakizungusha kiganjani mara mbili,
ncha anaichomeka upande wa kushoto,
anaweka utosini, anajitwika ndoo
na kuondoka, mikono inaning'inia.
Kijiji kizima cha Wazungu kinachungulia madirishani.
Hakuna tone linalomwagika.

Mama akasimama. Magoti yale yasiyonyooka bila bismillahi.
"Kushoto," akasema. "Ni kwetu tu tunachomeka kushoto.
Mama yangu alikuwa na mashoto."

Halafu yakamtoka kidogo kidogo,
kama maji ya kufukua mchangani mwa Bubu wakati wa kiangazi:
msichana peku, magoti mekundu kwa udongo,
anatoroka kambini alfajiri kufuata maji na Zaituni binti Loya,
yaani yeye mama;
vibuyu vitatu alivyovunja; kipigo walichogawana;
usiku ule gari la sinema la serikali linanguruma,
shuka jeupe kati ya nguzo mbili,
na Zisi anazunguka nyuma kuona watu wanatokea wapi,
anarudi na Kirangi chake kibovu:
"Hakuna mtu. Kuna upande wa pili tu."

"Siku ya malori sikumuaga. Niliona aibu kulia mbele ya askari.
Ngata yangu alikwenda nayo."

Akaniamuru nirudishe. Nikarudisha, mara ya tano, mara ya sita.
Kuna mahali kijana anamkimbilia bibi aipokee ile ndoo
naye anatamka neno fupi, mvuke unamtoka mdomoni.
"Tafsiri," mama akasema.
Mimi, niliyewadanganyia watu lugha za dunia nzima,
nikamgeukia mgeni.
Kabla hajafungua kinywa, mama akajijibu:
"Usinishike. Nitamwaga."
Mgeni akatazama chini, akaitikia kwa kichwa.

Naionyesha kila Ijumaa baada ya swala, bure.
Wateja hawaipendi sana, haina ngumi.
Benchi la mbele huwa la mama,
na pale penye ndoo
spika naizima.